Kizibao Namba Kumi na Nne

Jumamosi, 2 Mei 1998

Nimenunua daftari hili dukani kwa Mhindi karibu na robot, taa za barabarani. Jalada jekundu, mistari imefifia. Aliyenitia kichaa hiki ni Honorin Plessac. Kila msimu aliofanya kazi ya mikono, bandarini, machinjioni, mashambani kwa watu, mzee huyo aliandika shajara. Mimi nimemsoma miaka sita, nimeandika tasnifu juu yake mpaka ukurasa wa mia na arobaini, vita vikaingia Bukavu, nikakimbilia huku Durban na kurasa hizo ndani ya mfuko wa unga. Shajara sijawahi kuandika hata moja. Msimu wa mbio za farasi umeanza, basi na mimi nianze.

Naandika Kiswahili cha shuleni, alichonifundisha mama yangu, mwalimu wa Kigoma. Kifaransa kila Mkongo hapa anakisoma, hasa Doudou, mkuu wetu wa parking, ambaye haoni haya kufungua mkoba wa mtu. Kiswahili kilichoandikwa kinamchosha.

Kazi yangu ni kulinda magari kando ya uwanja wa mbio, hapa Greyville. Mstari wa tatu, kizibao cha rangi ya chungwa, namba 14. Sheria yetu ni moja: mstari ni mali ya kizibao, si ya mtu. Ukiuacha wazi siku moja ya mbio, kesho yake una mwenyewe mwingine. Anayeumwa humvisha ndugu yake kizibao, na wenye magari hawajui tofauti. Wao wanaona namba.

Nakaa chumba kimoja kilichogawanywa kwa pazia. Upande wa pili wanalala B. na mkewe Marie, anayesuka nywele saluni ya chini ya flati zetu. Plessac alimwandika rafiki yake mkubwa kwa herufi moja tu, D. Nimeupenda mtindo huo. B. ni fundi magari wa Uvira, mnene, mcheshi, hana kazi ya kudumu, na anakoroma.

Jumanne, 5 Mei

Upepo mkavu. Hakuna mbio, hakuna magari, hakuna la kuandika.

Jumapili, 10 Mei

Leo B. ameniuliza wakati wa kula: "Mwalimu, ule muzungu yako alifanyaka nini ya maana?"

Nikamweleza. Plessac, mtoto wa muuza nyama, vitani mwaka 1917. Alikuwa na koti la ngozi ya kondoo, jeupe, la pekee katika handaki lao. Akiwa amelivaa alimpiga risasi ofisa wa upande wa pili, na mateka mmoja akamwambia kwamba mlenga shabaha wao sasa analisubiri hilo koti. Usiku ule D. alikuwa anatetemeka kwa baridi. Plessac akamvua koti lake jembamba, akamvika la kondoo. Kulipopambazuka D. alikuwa maiti. Plessac akarudi nyumbani, akaandika riwaya kumi na moja, na katika kila moja yumo mtu aliyevaa nguo ya mwenzake.

B. aliacha kutafuna. "Na bibi ya D., alimwambiaka?"

"Hapana. Kila alipotoa kitabu alimtumia nakala, na sahihi yake."

"Kitabu!" B. alicheka mpaka Marie akampigapiga mgongoni. "Mwanamuke anaomba bwana yake, weye unamutumia kitabu!"

Niliudhika kidogo. Sura yangu ya tatu inasema hayo hayo kwa kurasa arobaini. Nimemwita Plessac mwoga aliyejifanya mkarimu. Profesa wangu alisema ni kali mno, nami nikakataa kubadilisha hata neno.

Jumamosi, 16 Mei

Mbio. Mwenye gari mmoja amenizaba kibao kwa sababu ndege walichafua kioo chake. Niliomba radhi kwa niaba ya ndege.

Jumamosi, 23 Mei

Leo nitaandika yote.

Saa tisa alasiri, watu wote wako ndani wakitazama mbio, nikasikia kioo kikivunjika mstari wangu. Kijana mwembamba, bisibisi mkononi, nusu ya mwili imeshaingia dirishani. Nikapuliza filimbi. Ndicho tulichofundishwa: puliza, usiguse. Akatoka, akanirushia bisibisi, ikanipita sikioni, akakimbia moja kwa moja kwenye mikono ya walinzi wa mstari wa pili.

Wakamwangusha. Doudou akaja na chuma cha kufungulia tairi. Wakaja wapita njia, wenyeji na wageni, mabwana waliovaa tai. Sijawahi kuona watu wa Durban wakipatana haraka namna ile. Kila pigo lilikuwa na sauti yake. La chuma juu ya goti, nalijua sasa. La chupa, nalijua. Aliita mama yake kwa Kizulu, na neno la mama halihitaji mkalimani.

Ningeweza kupuliza tena filimbi. Ilikuwa bado mdomoni. Badala yake nilipenya kati ya watu wawili, nikamwona amelala chali, jicho moja limefunga, nikampiga teke. Mbavuni. Mara moja. Nilifikiria kibao cha Jumamosi iliyopita, nilifikiria kurasa mia na arobaini ndani ya mfuko wa unga. Nikajisikia vizuri. Naliandika hili kwa sababu ni kweli: nilijisikia vizuri, kama mtu aliyekunywa maji baada ya kiu.

Polisi walikuja wakati farasi wa mbio ya mwisho wanaondoka. Wakampakia kwa miguu na mikono.

Nyumbani B. aliona kiatu changu. Alikichukua, akakiosha bombani, akakianika dirishani.

Jumapili, 24 Mei

Sikuenda kanisani. Kiatu hakijakauka.

Jumanne, 26 Mei

Yule kijana amekufa hospitali leo asubuhi. Doudou kasema, akaongeza: "Sharp. Mmoja amepunguka."

Jumamosi, 30 Mei

Ernestina, mama wa Kitanzania anayeuza karanga na sigara kwenye uzio wetu, ameniita pembeni. "Mwalimu, wamekuja wanaume wawili. Kaka za yule marehemu, nadhani. Wanauliza, namba kumi na nne ni nani? Wameambiwa kumi na nne ndiye aliyepiga filimbi, na teke la mwisho ni lake."

"Ukawaambiaje?"

"Nikawaambia mimi sura za walinzi sizijui, wanafanana wote na hivyo vizibao. Wakasema haidhuru, namba watajua kuisoma." Akafunga karanga zake. "Mimi sijakuambia kitu, umesikia?"

Teke la mwisho halikuwa langu. Baada yangu walipiga wengi. Lakini nikamweleze nani?

Jumamosi, 6 Juni

Upepo. Nimesimama siku nzima nimeupa mgongo ukuta.

Jumamosi, 13 Juni

Jana Ufaransa iliwafunga Bafana, timu ya hapa, tatu bila, kule kwenye Kombe la Dunia. Leo kila anayeongea Kifaransa mtaani ndiye aliyefunga. Nilikuwa narudi na mkate, B. pembeni yangu, vijana wanne wakatusimamisha. "Nyinyi ndio Wafaransa?" Nikajibu kwa Kiingereza changu cha shule kwamba kihistoria Kongo ilitawaliwa na Ubelgiji. Chupa ikanipasukia kwenye nyusi.

B. hakutoa somo la historia. Alimshika yule wa chupa kwa ukosi, akamgonga kichwa kwenye nguzo ya robot, mara mbili, akamwachia. Wengine wakakimbia. Halafu akanibeba mgongoni mpaka zahanati, mimi na uzito wangu wa pauni mia na arobaini, damu yangu ikimwingia shingoni, anacheka njia nzima. "Eish, Mwalimu! Trois à zéro, na tena weye ndiye nani? Zidane?"

Nyuzi sita. Marie alinipikia uji.

Nilitaka kumwambia habari ya namba 14 nikiwa pale mgongoni kwake. Kwa nini sikumwambia? Kwa sababu angenivua kizibao siku ile ile na kukivaa mwenyewe. Ndivyo alivyo.

Jumatano, 17 Juni

Nimeona tangazo kwenye maktaba ya mjini. Profesa mama kutoka Ufaransa atazungumzia maisha na kazi ya Honorin Plessac. Nilisoma mara tatu nikidhani nyuzi za kwenye nyusi zimeniathiri. Jumamosi, 4 Julai, saa nane mchana. Siku na saa ya mbio kubwa kuliko zote za mwaka. Wafaransa hawana habari na farasi wa Durban.

Jumatatu, 22 Juni

Ernestina hayupo. Mahali pake kuna mama mwingine, hanijui. Wanasema amehamia Johannesburg.

Jumapili, 28 Juni

Nimemwomba B. anishikie mstari tarehe nne. Nilimwambia juu ya profesa, kwamba nitampelekea tasnifu, kwamba huenda akanisaidia kuimaliza. Yote kweli.

"Vaa weye suruali ya mzuri," akasema. "Mimi nitavaa ile gilet yako. Unamusalimia muzungu."

Marie alisema kizibao kitambana. B. alikijaribu palepale, akavuta tumbo ndani, akazunguka chumbani akipuliza filimbi mpaka jirani wakagonga ukuta.

Sikumfikiria Plessac hata kidogo.

Sentensi hiyo ni ya uongo. Nimeiandika nione inavyoonekana.

Jumamosi, 4 Julai

Saa nane kasoro robo nilikuwa kiti cha mbele. Tulikuwa watu tisa. Profesa alikuwa na kikohozi na sauti ya upole, na alimjua Plessac kama mtu anavyomjua shemeji yake. Kwa nusu saa nilikuwa mwalimu tena. Niliuliza swali juu ya riwaya ya nne, akavua miwani kunitazama vizuri.

Kisha akasema jambo nisilolijua. Mjane wa D. alifariki miaka mitano iliyopita, akiwa kikongwe wa karibu miaka mia, na kabatini kwake vilikutwa vitabu vyote kumi na kimoja. Zamani vitabu vya Ufaransa viliuzwa kurasa zikiwa zimeshikana, msomaji anazikata mwenyewe kwa kisu. Kumi havikukatwa hata ukurasa. Cha kwanza tu kilikatwa chote, mpaka mwisho. "Nadhani," profesa alisema, "alikuwa akitafuta jina la mumewe. Hakuliona. Basi hakusoma tena."

Nikatazama saa ya ukutani. Ilikuwa tisa na dakika ishirini. Nikainuka. Tasnifu ikaanguka, karatasi zikatapakaa sakafuni, profesa akainama kuniokotea. Nikamwacha ameinama.

Nilikimbia. Suruali nzuri, viatu vya kuazima. Teksi zote zimejaa watu wenye kofia za maua. Niliyasikia makelele ya uwanja kabla sijauona, watu elfu kadhaa wakishangilia farasi, nikajiambia sauti hiyo ni ya furaha, hakuna baya penye sauti hiyo.

Mstari wa tatu, kati ya gari jeupe na la kijani. B. alikuwa ameketi, mgongo kwenye gurudumu, mikono yote miwili tumboni, kama anayekibana kizibao kisifunguke. Rangi ya chungwa ilibaki juu tu, mabegani. Walimchoma mara saba, daktari alisema baadaye. Bisibisi, si kisu. Ya mwisho shingoni. Chini ya gari kulikuwa na vidole viwili vya mkono wake wa kulia, ule wa spana, kwa sababu mmoja wao alikuwa na panga, naye alilishika kwa mkono mtupu na hawakusubiri aliachie.

Alikuwa hai bado. Aliniona.

"Mwalimu," akasema. "Banauliza weye ni kumi na ine? Mi nikasema ndiyo."

Hakujua kwa nini. Aliulizwa namba, akajibu. Nilikandamiza shingo yake kwa kiganja changu, damu ikapita katikati ya vidole bila kujali elimu yangu. Niliita. Filimbi ilikuwa kifuani kwake, nikaipuliza, imejaa damu, ikatoa mapovu. Uwanjani watu walikuwa wakiimba. Akaanza kutetemeka, nikavua koti langu zuri nikamfunika, na nilipolivuta mpaka kidevuni niliona mikono yangu inachofanya, nikapiga ukelele nisioujua.

Alikufa hapo hapo, kabla ya saa kumi na moja. Nilijua. Hilo ndilo la kuandika, mengine ni mapambo. Tangu Mei 30 nilijua, na nilimvisha. Mhadhara ulikuwa wa kweli, lakini hata kusingekuwa na mhadhara ningeitafuta harusi, ugonjwa, chochote. Niliogopa ile siku, nikamtuma yeye.

Jumanne, 7 Julai

Polisi waliniuliza ninachojua. Nikasema nilikuwa maktaba. Wakaandika: wezi wamegombana wenyewe kwa wenyewe.

Doudou ndiye aliyewapa maneno hayo. Anatangaza parking nzima kwamba B. alikuwa na dili na wale wezi, akawadhulumu. Hivyo wenye magari wataamini kwamba walinzi waliobaki ni safi. Akaniwekea mkono begani: "Na weye unyamaze. Teke yako tuliiona."

Jumamosi, 11 Julai

Tumemzika. Kanisani kwao wamesikia ya Doudou. Wamekuja saba, ukinihesabu mimi. Mchungaji aliombea "ndugu zetu wanaopotea njia." Marie aliinua kichwa, akamtazama mpaka mchungaji akamaliza sala haraka.

Jumatatu, 13 Julai

Ufaransa mabingwa wa dunia. Hakuna aliyeshangilia kwetu.

Jumatano, 15 Julai

Mwenye saluni amemwambia Marie apumzike kidogo, wateja wananong'ona. Nyuma ya pazia hakoromi mtu. Namsikia Marie akiongea peke yake: "Barthélemy, uliiba nini? Uliiba nini na mi sikukiona?"

Ameanza kuamini.

Nimesoma daftari hili tangu mwanzo. Nimeandika vizuri. Profesa angelipenda. Plessac aliandika vitabu kumi na kimoja ili asiseme sentensi moja, na mimi hiki ni cha kwanza changu.

Ijumaa, 17 Julai

Nilimkuta saluni, amekwenda kuchukua vitana vyake. Wanawake watano wamekaa, mmoja chini ya mashine ya kukausha. Nilitaka kumwita nje. Halafu nikaona nje ni kwa ajili yangu, si kwa ajili yake.

Nikasema: "Marie, mume wako hakuiba. Walikuwa wananitafuta mimi. Nilijua, nikamvisha kizibao changu."

Kitana cha chuma kilikuwa juu ya jiko. Alikichukua, akanipiga nacho usoni, hapa, chini ya zile nyuzi sita. Ngozi ililia. Harufu yake ilijaa saluni. Sikuinua mkono.

"Sema tena."

Nikasema tena.

"Sema kwa nguvu. Na ule wa mashine asikie."

Mtu akazima mashine. Nikasema mara ya tatu, kwa Kiswahili, na kwa Kifaransa, na kwa Kiingereza changu kibovu, kwamba B. alikuwa mtu safi na mimi ndiye niliyemuua yule kijana pamoja na wengine, na ndiye niliyempeleka mume wake afe. Marie alinipiga mara ya pili, kwa ngumi, mdomoni. Kisha akaketi sakafuni kwenye nywele zilizokatwa, akalia kilio ambacho hakukilia makaburini.

Nikamwekea daftari mapajani, nikaondoka. Nimelala ghorofani kwenye ngazi. Ya leo nimeiandika kwenye mgongo wa tasnifu. Profesa aliiacha maktaba, imefungwa vizuri kwa kamba.

Jumapili, 19 Julai

Marie amelirudisha. Alisimama juu yangu ngazini, macho mekundu.

"Nimesoma yote. Siku mbili. Hii B. ni nani?"

"Ni yeye. Ni mtindo tu wa..."

"Mi niliolewaka na lettre moja?"

Akanitupia. Nimefungua. Kila penye B., kuanzia ukurasa wa kwanza, amejaza herufi zilizobaki kwa kalamu ya nyusi ya saluni. Barthélemy anakoroma. Barthélemy aliacha kutafuna. Barthélemy aliosha kiatu. Pale kwenye Julai 4 kalamu imekatikia, na amemalizia kwa ukucha.

Chini ya Mei 23 ameandika maneno matatu: Huyu naye nani?

Jumatatu, 20 Julai

Naandika hapa kwenye benchi la kituo cha polisi. Marie amekaa mbali nami, mkoba mapajani, kizibao kimo ndani.

Nimesema yote, la Mei na la Julai, na Doudou na chuma chake. Askari mzee aliandika polepole. Aliuliza jina la marehemu. Kabla sijafungua mdomo Marie alijibu, majina yote matatu, na akasubiri mpaka akaona yameandikwa.

"Na yule wa Mei?" askari akaniuliza. "Uliyempiga. Unamjua jina?"

Nikasema hapana. Akaenda ndani, akarudi na faili jembamba, akalifungua, akanigeuzia nisome mwenyewe.

Bhekani Mthembu. Miaka kumi na tisa.

Nimeliandika. Askari anasema sasa nisimame, nifungue mkanda, nivue na kamba za viatu. Daftari nampa Marie.